Siku Zisizo na Mwezi: Kalenda ya Kubuni na Swali la Mamlaka Juu ya Wakati

Utangulizi

Mnamo mwaka wa 1955, juzuu ya tatu na ya mwisho ya riwaya ya The Lord of the Rings ilipochapishwa nchini Uingereza, wasomaji walikuta mwishoni mwake viambatisho kadhaa, na kimojawapo kilihusu kalenda. Mwandishi wake, J.R.R. Tolkien, alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka wa 1892, na wakati huo alikuwa profesa wa lugha na fasihi ya Kiingereza katika Chuo Kikuu cha Oxford. Katika kiambatisho hicho anaeleza, kwa utulivu wa karani anayetunza daftari, jinsi viumbe wa ulimwengu alioubuni walivyohesabu siku zao: mwezi ulikuwa na siku ngapi, siku ya nyongeza iliwekwa wapi katika mwaka mrefu, juma lilianza lini na kwa nini. Hamna kisa ndani yake, wala majibizano ya wahusika. Ni hesabu tupu, na ni hesabu ya siku ambazo hapana mtu aliyewahi wala atakayewahi kuziishi.

Kwa mhakiki aliyelelewa katika mapokeo yanayoidai fasihi iwe na dhima katika jamii, kazi ya namna hii inazua swali ambalo si la kisanaa tu bali ni la kimaadili pia. Je, mtunzi ana haki ya kutumia nguvu zake za akili kupanga miaka ya watu wasiokuwapo, ilhali watu waliopo wana njaa na miaka yao wenyewe haijapata mwandishi? Na ikiwa haki hiyo anayo, je, kuna wajibu wowote unaoambatana nayo, au mwenye kubuni wakati hana wa kumjibu?

Insha hii inashikilia kwamba kalenda ya kubuni haiko nje ya hukumu ya kimaadili. Kila kalenda, ya kubuni au ya ofisini, ni mwafaka kati ya watu kuhusu siku ipi ni ya nani. Na kila mwafaka una aliyeuandika na asiyeulizwa. Kwa hiyo kipimo cha kalenda, hata ile ya ulimwengu wa fantasia, si usahihi wa hesabu zake pekee. Ni nafasi inayomwachia yule asiyekubaliana na mwenye kuhesabu.

Hesabu ya Shire

Kati ya kalenda alizozibuni Tolkien, iliyo wazi zaidi ni ile ya Shire, nchi ya mahobiti, watu wafupi wa mashamba na vijiji. Mwaka wao una miezi kumi na miwili, na kila mwezi una siku 30 kamili. Jumla ni siku 360, na zinabaki siku tano. Siku hizo hazikugawanywa katika miezi, mmoja ukapewa siku 31 na mwingine 28, kama ilivyo katika kalenda inayotumika ulimwenguni leo. Ziliachwa nje ya miezi. Mbili kati yake, ziitwazo siku za Yule, zimekaa kwenye kiungo cha mwaka: moja inaufunga mwaka mkongwe, nyingine inaufungua mpya. Tatu zilizobaki, ziitwazo siku za Lithe, zimekaa katikati ya mwaka, na ya kati yake ni Siku ya Nusu Mwaka yenyewe. Katika mwaka mrefu huongezwa siku moja papo hapo, nayo ni siku ya furaha ya pekee. Vipindi hivyo viwili vilikuwa ndivyo vikubwa vya sikukuu na karamu.

Baadaye mahobiti walifanya marekebisho ambayo Tolkien anayasimulia kwa uzito kana kwamba ni sheria ya bunge. Walichoshwa na tarehe kuhamahama kutoka siku moja ya juma hadi nyingine kila mwaka, wakaamua kwamba Siku ya Nusu Mwaka, pamoja na siku ya nyongeza inayoifuata katika mwaka mrefu, zisiwe na jina la juma. Siku 364 zilizobaki ni majuma 52 bila salio. Tangu hapo kila mwaka ukaanza siku ya kwanza ya juma na kuishia siku ya mwisho, na tarehe moja ikawa na jina lilelile la siku miaka yote. Mahobiti wakaacha kuandika jina la siku katika barua zao, kwa kuwa tarehe peke yake ilitosha. Likazuka na fumbo la mzaha kati yao: kwa vile hapakuwa na mwezi ulioanza Ijumaa, kusema kwamba jambo litatokea Ijumaa ya tarehe mosi kulikuwa sawa na kusema halitatokea kamwe.

Hapa kuna jambo ambalo msomaji wa Kiswahili hulipokea kwa namna yake. Siku ya kwanza ya juma la mahobiti ni ile inayolingana na Jumamosi, na siku yao kuu, yenye mapumziko ya alasiri na karamu za jioni, ni ile inayolingana na Ijumaa. Tolkien alilazimika kumtahadharisha msomaji wake wa Kiingereza kuhusu mpangilio huo, asije akaikosea hali ya siku hizo. Msomaji wa Kiswahili hahitaji tahadhari hiyo, kwani juma lake pia linaanza Jumamosi na kilele chake ni Ijumaa. Haipo sababu ya kudhani kwamba Tolkien aliazima mpangilio huu kutoka pwani ya Afrika Mashariki. Lakini sadfa hii inafunza kwamba ugeni wa ulimwengu wa kubuniwa hutegemea mahali aliposimama msomaji, na kwamba kile kinachoitwa fantasia katika chumba kimoja ni desturi ya kila siku katika chumba cha pili.

Kiambatisho hicho kinaeleza vilevile kwamba majina ya siku yalipitia mikono mingi. Waelfi, jamii ya kale katika ulimwengu huo, walikuwa na juma la siku sita. Watu wa Númenor, waliokuwa mabaharia, waliongeza siku ya saba wakaipa bahari. Mahobiti waliyarithi majina hayo na kuyatafsiri katika lugha yao, kisha haukupita muda mrefu wakasahau maana yake. Mtu anayedhani usahaulifu wa aina hiyo ni wa hadithini tu na azisikilize siku zake mwenyewe. Katika juma la Kiswahili, Jumatano hufuatwa na Alhamisi. Jina la kwanza lina tano ya Kibantu, na la pili lina tano ya Kiarabu. Siku mbili zinazofuatana, kila moja inadai kuwa ya tano, kwa kuwa wahesabu wawili walianza mahali tofauti: mmoja alianza Jumamosi, mwingine Jumapili. Anayezitaja siku hizo kila wiki hasikii mgongano wowote. Mwafaka wa kale umesahauliwa, lakini alama zake zimebaki ulimini.

Tuhuma ya mchezo mtupu

Imedaiwa mara nyingi kwamba fasihi ya fantasia ni ukimbizi: inampeleka msomaji mbali na ukweli unaomkabili. Tolkien mwenyewe aliijibu tuhuma hii katika mhadhara wake juu ya hadithi za kimaajabu, alioutoa mwaka wa 1939, kwa kutofautisha kutoroka kwa mfungwa na kukimbia kwa askari anayeliacha jeshi lake vitani. Hoja hiyo ni nzuri, ila haitoshi kuitetea kalenda. Mfungwa anayeota kuhusu nyumbani kwao anaeleweka. Mfungwa anayekaa akipiga hesabu ya miaka mirefu ya nchi isiyokuwapo hana budi kutetewa kwa hoja nyingine.

Hoja hiyo inaweza kuanzia nyumbani. Katika kitabu chake African Religions and Philosophy cha mwaka wa 1969, John Mbiti, mwanatheolojia na mwanafalsafa wa Kenya aliyefariki mwaka wa 2019, alitumia maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, kueleza dhana ya wakati katika jamii za Kiafrika. Alidai kwamba katika jamii hizo kalenda za jadi zilikuwa za matukio kuliko za tarakimu: mwezi ulijulikana kwa mvua, mavuno au joto lake, si kwa idadi maalumu ya siku. Miongoni mwa mifano yake ni Walatuka wa Sudan Kusini ya leo, ambao mwezi wao mmoja una jina lenye maana ya kumpa mjomba maji. Dai lake kubwa zaidi, kwamba dhana hiyo ya wakati karibu haina mustakabali wa mbali, limepingwa na wanafalsafa wengine Waafrika, akiwamo Kwame Gyekye wa Ghana katika kitabu chake cha mwaka wa 1987, kwa kurejelea fikra za Waakani. Mgogoro huo hauhitaji kuamuliwa hapa. Kinachohitajika ni jambo moja ambalo pande zote mbili hazilikatai: kwamba kuhesabu wakati ni kazi ya jamii, na kwamba jamii huhesabu kile inachokijali.

Jua linatoa siku na mwaka. Mwezi unatoa mwandamo. Lakini hakuna nyota inayotoa juma, wala hakuna mvuto wa sayari unaoamuru kwamba mwaka uanze tarehe mosi Januari. Mambo hayo yalibuniwa na watu, yakakubaliwa au yakalazimishwa, kisha ubunifu wake ukafichika kwa mazoea. Hapa ndipo kalenda ya kubuni inapopata dhima yake. Msomaji anayeelezwa kwamba mahobiti waliamua siku fulani isiwe na jina la juma hana budi kujiuliza nani aliamua kwamba siku zake yeye ziwe na majina, na kwa manufaa ya nani. Mchezo umempeleka mbali ili ageuke na kukitazama kile ambacho kilikuwa karibu mno kuonekana. Kwa mintarafu hii, tuhuma ya ukimbizi inapoteza uzito wake, na mahali pake panaingia suala lingine lililo zito zaidi: la mamlaka.

Wabunifu wenye dola

Waandishi wa hadithi si wao pekee waliobuni kalenda. Serikali nazo zimebuni, na kumbukumbu zake zinatia hofu. Mwaka wa 1793 wanamapinduzi wa Ufaransa waliifuta kalenda ya zamani na kuweka mpya. Kwa sura yake inafanana sana na ile ya Shire: miezi kumi na miwili ya siku 30, na siku tano au sita za sherehe zilizoachwa nje ya miezi. Majina ya miezi, ambayo kwa kiasi kikubwa yalikuwa kazi ya mshairi na mwanasiasa Fabre d'Églantine, yalitokana na ukungu, theluji, maua na mavuno. Ilikuwa kazi yenye uzuri wa kishairi. Lakini juma la siku saba lilifutwa na mahali pake pakawekwa kipindi cha siku kumi. Mfanyakazi aliyezoea kupumzika siku moja katika saba akatakiwa apumzike siku moja katika kumi. D'Églantine mwenyewe aliuawa kwa gilotini mwezi wa Aprili 1794, kabla kalenda yake haijamaliza mwaka mmoja wa matumizi. Kalenda iliendelea hadi Napoleon alipoiondoa, na tarehe 1 Januari 1806 ile ya zamani ikarudi.

Kuna upande mwingine wa kisa hicho unaowahusu watu wa Bahari ya Hindi. Kalenda hiyo ilipelekwa pia katika visiwa vilivyotawaliwa na Ufaransa, vile ambavyo sasa vinaitwa Morisi na Réunion. Huko mwezi uliopewa jina la theluji huangukia kati ya Desemba na Januari, kipindi cha joto na mvua kubwa. Waliobuni majina hayo walisema wamefuata maumbile, nao kwa kweli walifuata maumbile, ila ya nchi yao tu. Mtumwa wa shamba la miwa katika visiwa hivyo alihesabiwa siku zake za jasho kwa jina la theluji ambayo hakuwahi kuiona.

Muungano wa Kisovieti nao, mwaka wa 1929, ulianzisha juma la siku tano lisilokatika. Wafanyakazi waligawanywa katika makundi matano yaliyotambulishwa kwa rangi, na kila kundi lilipumzika siku yake, ili mitambo isisimame hata siku moja. Kwa hesabu ya kiwanda, mfanyakazi alipata nafuu, kwani alipumzika siku moja katika tano. Kwa hesabu ya nyumba, mume aliyekuwa na rangi moja na mke aliyekuwa na nyingine hawakupata siku ya kuwa pamoja. Malalamiko yalikuwa mengi. Mwaka wa 1931 kukaletwa juma la siku sita, na mwaka wa 1940 lile la siku saba likarejeshwa.

Mifano hii inatenganisha mambo mawili ambayo huchanganywa kwa urahisi. Siku ya mapumziko si tu idadi ya saa ambazo mwili haufanyi kazi. Ni saa ambazo watu wengine nao hawafanyi kazi, ili kuwe na mtu wa kutembelewa. Wabunifu wa Moscow waliweka idadi wakaondoa ushirika. Wabunifu wa Paris walipunguza vyote viwili. Kalenda ya Shire, iliyobuniwa na mtu asiyekuwa na polisi wala kiwanda, inavihifadhi vyote viwili: siku zisizo na mwezi ni za wote kwa wakati mmoja, na ni za karamu. Basi je, inafuata kwamba mtunzi wa hadithi ni mbunifu mwema kwa kuwa tu hana dola?

Siku isiyo na jina

Jibu si rahisi hivyo, na ukosoaji mzito zaidi wa kalenda ya Shire unatoka mahali ambapo wahakiki wengi hawapatazami. Katika miaka ileile ya 1950, pendekezo linalofanana mno na marekebisho ya mahobiti lilikuwa mbele ya Umoja wa Mataifa. Lilijulikana kama Kalenda ya Dunia, na mtetezi wake mkuu alikuwa Elisabeth Achelis wa Marekani, aliyeanzisha chama cha kulipigania mwaka wa 1930. Nalo pia lilitaka siku moja kila mwaka, na mbili katika mwaka mrefu, zisiwe na jina la juma, ili tarehe zisihame. Faida zilizotajwa ni zilezile ambazo mahobiti walizipenda: unadhifu, wepesi na kutokubadilika.

Pendekezo hilo lilipingwa vikali na watu wa dini, na mwaka wa 1955 serikali ya Marekani ilitangaza kwamba hailiungi mkono. Sababu ya upinzani ni rahisi kueleweka. Kwa Myahudi na kwa Mwadventista, siku ya saba si nafasi katika jedwali, ni agano. Siku saba zimefuatana bila kukatizwa kizazi hadi kizazi, na siku moja isiyo na jina ingekata mfululizo huo. Mwaka wa kwanza Sabato ya kweli ingeangukia siku inayoitwa Ijumaa katika kalenda ya serikali, mwaka wa pili Alhamisi, na kuendelea. Mwislamu angekumbwa na jambo hilohilo katika sala yake ya Ijumaa. Unadhifu wa wengi ungenunuliwa kwa dhamiri ya wachache.

Nchini Kenya hoja hii si ya kufikirika tu. Katika mji mmoja kuna wanaoitukuza Ijumaa, wanaoitukuza Jumamosi na wanaoitukuza Jumapili, na mgogoro kuhusu masomo ya Jumamosi kwa wanafunzi Waadventista umewahi kufikishwa mahakamani. Mtu anayeishi katika mji kama huo akisoma marekebisho ya Shire ataona upesi kitu kinachokosekana. Hakuna hobiti aliyepinga. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na siku ya saba ya kuilinda, kwani Tolkien, ijapokuwa alikuwa Mkatoliki mwenye imani thabiti, hakuwapa mahobiti ibada ya kila juma. Siku isiyo na jina iliwagharimu kidogo kwa sababu mtunzi alikuwa amekwisha kuwaondoa wale ambao ingewagharimu sana.

Hii ndiyo hatari ya kimaadili iliyo mahsusi kwa mtunzi wa ulimwengu mzima. Mtawala anayebuni kalenda huwakuta watu wakaidi, na ukaidi wao humrekebisha, kama ulivyowarekebisha wanamapinduzi wa Ufaransa. Mtunzi huwaumba watu pamoja na kalenda yao, na anaweza kuwaumba wakiwa tayari wameridhika. Mwafaka usiokuwa na mpinzani si mwafaka, ni ukimya. Kwa hiyo wajibu wa kwanza wa anayebuni wakati ni kumuumba pia mtu ambaye wakati huo haumtoshi.

Mfalme na kijiji

Kwa bahati njema Tolkien hakuishia hapo, na heshima ya kiambatisho chake inatokana na mistari michache ambayo msomaji mwenye haraka huiruka. Kwanza, anakiri kwamba mpango wa mahobiti uliwafaa nyumbani, lakini haukuwafaa sana waliposafiri kupita Bree, mji ulio jirani. Kauli hii ni ya mzaha, lakini inafanya kazi kubwa: inaweka mpaka. Kalenda ya Shire haidai kuwa ya dunia nzima. Nje ya lango kuna watu wanaohesabu vingine, na msafiri ndiye anayepaswa kujirekebisha.

Pili, baada ya vita kuu ya riwaya hiyo kumalizika, mfalme Elessar anaweka kalenda mpya. Mwaka wake unaanza tarehe 25 Machi, siku adui alipoangushwa. Hivyo ndivyo washindi wafanyavyo kila mahali. Kalenda hiyo ilikubaliwa katika nchi zake zote isipokuwa Shire, ambako hesabu ya zamani iliachwa iendelee. Mfalme aliyekuwa na uwezo wa kuwalazimisha mahobiti hakuwalazimisha. Hawakuisherehekea hata tarehe ya ushindi, ingawa ushindi wenyewe ulipatikana kwa mikono ya watoto wao.

Tatu, anaeleza kwamba katika eneo moja la Shire ilizuka desturi ya watu kucheza ngoma uwanjani kila tarehe 6 Aprili, hali ya hewa iliporuhusu. Sababu haikukubaliwa na wote. Wengine walisema ni siku ya kuzaliwa ya Sam, mtunza bustani aliyerudi kutoka vitani. Wengine walisema ndiyo siku mti wa dhahabu ulipochanua kwa mara ya kwanza. Wengine walisema ni mwaka mpya wa waelfi. Hakuna aliyetumwa kuamua. Watu walikutana, wakacheza, kila mmoja na sababu yake.

Nchini Kenya siku za taifa zimebadilishwa majina mara kadhaa. Tarehe 20 Oktoba, siku ambayo hali ya hatari ilitangazwa mwaka wa 1952, ilikumbukwa kwa miaka mingi kwa jina la mtu mmoja, Kenyatta. Katiba ya mwaka wa 2010 iliifanya kuwa Siku ya Mashujaa, na haikuitaja kabisa Siku ya Moi katika orodha yake ya siku za taifa. Badiliko hilo linaweza kutetewa: jina la wengi limechukua nafasi ya jina la mmoja. Hata hivyo, swali la mahobiti linabaki. Siku ya taifa humtaka raia akumbuke, na pia humwelekeza akumbuke nini. Mjane ambaye mumewe hakurudi kutoka kizuizini ana sababu yake ya kuikumbuka tarehe hiyo, na pengine sababu hiyo haimo katika hotuba. Taifa lenye haki halihitaji kulitangaza jina la sababu yake. Linahitaji kumwachia nafasi uwanjani.

Hitimisho

Wazee wa pwani ya Afrika Mashariki waliohesabu mwaka kuanzia Nairuzi waliugawa katika miongo, yaani vipindi vya siku kumi kumi. Miongo 36 hufanya siku 360, na siku tano husalia. Waliihitaji hesabu hiyo kwa sababu mwaka wa miezi ya kuandama hauwezi kumwambia mkulima lini apande wala baharia lini upepo utageuka. Hawakuufuta mwaka wa Kiislamu ili kuweka wao. Walihesabu miaka miwili pamoja, mmoja wa ibada na mmoja wa shamba na bahari, na mwaka mpya wa Nairuzi ungali unasherehekewa Makunduchi, Unguja, mwezi wa Julai, kwa jina la Mwaka Kogwa. Hilo ni jibu ambalo si wanamapinduzi wa Paris wala watetezi wa Kalenda ya Dunia waliolifikiria: kwamba mtu anaweza kuishi katika kalenda mbili bila moja kuitaka nyingine ife.

Riwaya ya Kiswahili imekwisha kuonyesha kwamba inaweza kuuacha uhalisia. Euphrase Kezilahabi aliuvunja mfululizo wa kawaida wa wakati katika Nagona mwaka wa 1990 na Mzingile mwaka wa 1991, na Katama Mkangi alimpeleka msomaji wake katika jamii ya kubuniwa katika Walenisi mwaka wa 1995. Atakayefuata nyayo hizo na kuthubutu kuupa ulimwengu wake kalenda asiambiwe kwamba anapoteza wakati. Aulizwe maswali ambayo kila mwenye kuhesabu hupaswa kuulizwa: nani anapumzika katika mwaka wako, na anapumzika na nani? Yule asiyeikubali hesabu yako umempa siku gani? Na mfalme wako atakaposhinda vita na kutaka mwaka uanze upya, je, kuna kijiji kimoja ambacho ataruhusu kiendelee kuhesabu kama kilivyozoea? Ikiwa majibu yapo, kalenda hiyo ni kazi ya haki, hata kama hapana mtu atakayeiishi. Ikiwa hayapo, basi usahihi wa miezi yake yote hautaiokoa, kama haukuiokoa ile ya Paris.